Nyota za Kata juu ya Lumaa

Ipo siku moja naikumbuka, mwanangu, kila nikiona mtoto ametazama juu na mdomo wazi. Siku hiyo nilikuwa msichana wa darasa la sita, kichwani nina kikapu cha mbegu za maharage, tunashuka kwa miguu kutoka Mlalo kwenda kuhamia nyika. Nitakusimulia hiyo siku na zilizoifuata, lakini keti kwanza. Simu yako ilaze hapo mezani, haitakufa.

Jana jioni nilikusikia ukimwambia mwanao, "Acha upuuzi, hakuna paka anayeishi mwezini. Kula." Mtoto akala kidogo kwa adabu, akaenda kulala. Mimi nilikuwa hapahapa kwenye kiti changu na sikusema kitu, maana sipendi kumsahihisha mzazi mbele ya mtoto wake. Lakini yule paka amenisumbua. Kwa hiyo sasa, wakati mtoto yuko kwa jirani anachuma plamsi mbichi, matunda ambayo yatamuumiza tumbo, nataka nikupe habari za mama yako mdogo Loisi na nyota za Kata. Loisi mwenyewe huwa hazisimulii. Anasema ni zangu, na mimi nasema ni zake.

Miaka ile Uhuru ulikuwa bado unanukia upya, na neno Ujamaa lilikuwa kila mahali: redioni, shuleni, kanisani, hata kwenye nyimbo za kuvuna. Shamba letu la Mlalo lilikuwa limelala kwenye mteremko mkali, kiasi kwamba kiazi kikikuponyoka kinaenda kusimama kwa jirani, na jirani hakirudishi. Baba akasikia mkutanoni kwamba huko chini nyika, upande wa Mnazi, wanafungua kijiji kipya, ardhi ni tambarare na watu watalima kwa pamoja. Wapo waliosukumwa kwenda vijijini, sikatai. Baba yangu hakusukumwa. Alirudi kutoka mkutanoni anatembea haraka kama kijana anayekwenda kuposa.

Ila sisi watoto wa milimani tuliiogopa nyika. Kwa wazee wetu, huku juu ndiko kwenye maji, migomba na afya, na nyika ni mahali pa joto, nyoka na homa. Mtu alishuka kuchunga au kulima, kisha akapanda kurudi kulala. Kushuka na vyombo vyako vyote lilikuwa jambo jingine kabisa. Bibi, mama yake baba, alikataa katakata. Alisema yeye amezaliwa ndani ya ukungu na atazikwa ndani ya ukungu, na baba asimsumbue.

Mama alikuwa na mtoto mchanga mgongoni, kwa hiyo mdogo wangu Loisi alikuwa wangu mimi. Alikuwa hajaanza shule. Nilimwogesha, nilimlisha, nililala naye kitanda kimoja, na alikuwa akinipiga mateke hadi alfajiri. Nilimpenda kuliko kitu chochote chenye miguu. Huko ndiko Lumaa ilikoanzia, kitandani kwetu, wakati wa kipupwe, ukungu unaingia hadi chini ya mlango.

"Juu ya ukungu kuna nini?" akaniuliza.

"Kuna nchi inaitwa Lumaa," nikamjibu, ili alale.

Hakulala. Akauliza watu wa Lumaa wanakula nini. Hapo nikajua nimejitakia kazi.

Lumaa, mwanangu, ni nchi ya milima mitupu. Haina bonde wala nyika. Kila mlima umesimama juu ya ukungu, na watu wanavuka kutoka mlima hadi mlima kwa ngazi za kamba. Jua lao ni dogo na jekundu, kama kaa linalokaribia kuzimika, kwa hiyo huko ni baridi mwaka mzima na kila mtu anavaa sweta, hadi mbuzi. Mbuzi kuvaa sweta lilikuwa wazo la Loisi. Mimi nilibisha kidogo, nikakubali.

Na mbingu ya Lumaa ni chungu kikubwa cha maji. Sasa chungu kizito namna hiyo hakiwezi kukaa juu hivihivi, na hilo tulilijua wenyewe, maana kila mwanamke wa kwetu alishinda anapanda na kushuka na mzigo kichwani. Chini ya mzigo lazima pawe na kata. Si hii kata ya diwani wenu. Nasema ile pete ya majani makavu ya mgomba: unayasokota, unaizungusha, ncha ya mwisho unaichomeka ndani iwe fundo, unaiweka utosini, ndipo mzigo unatulia. Basi mbingu ya Lumaa nayo ilikuwa na kata yake, duara la nyota zilizosokotana, na katikati giza tupu, kwa sababu hapo ndipo chungu kilipokalia. Watu wa Lumaa waliziita nyota za Kata. Walizitazama kupanda viazi na kuvuna, wakiangalia fundo limegeukia upande gani, mawio au machweo.

Shuleni tulikuwa na mwalimu kijana wa sayansi, ndiyo kwanza ametoka chuoni, anapenda kufundisha hadi kengele inampita. Alitufundisha kwamba nyota ni majua ya mbali, na kwamba jua letu nalo ni nyota tu, ya manjano, ya kawaida, wala si kubwa sana. Akatuambia pia kwamba nyota zinazoonekana zimekaa pamoja huenda hazina habari zenyewe kwa zenyewe. Moja iko karibu, nyingine iko nyuma yake mbali mno, ni sisi tunaotazama kutoka hapa ndio tunaoziona zimeshikana. Ukitazama kutoka mahali pengine, umbo lile hulioni tena.

Siku hiyo nilirudi nyumbani mbio, nikalipeleka somo Lumaa moja kwa moja. Nikampa Loisi wataalamu wa Lumaa, wazee wenye ndevu na mabomba marefu ya mianzi ya kutazamia. Hao ndio waliogundua kwamba nyota za Kata zenye rangi ya samawati ni changa na zina moto mkali, zile nyekundu zimezeeka, na kila moja iko mbali kwa umbali wake. Nyota ya Fundo waliikuta ni ya manjano, ya wastani, haina sifa yoyote. Lakini ndiyo inayoshika ncha. Ikizimika hiyo, Kata yote inafumuka.

Loisi alisikiliza haya yote kwa uzito kama mzee wa kanisa. Ila sentensi aliyoishika kuliko zote niliisema siku ya radi, anatetemeka, amejikunja chini ya kwapa langu. Nilimwambia, "Usiogope. Aliye chini ya Kata haangukiwi na mbingu." Nilisema tu, kama unavyomfunika mtoto kanga. Akatulia palepale, akalala.

Siku ya kuhama, Bibi alimsokotea Loisi kata ndogo ya kiasi cha kichwa chake, akamtwika kibuyu kitupu ili naye ajione anahama. Baba alitangulia na kitanda mgongoni. Mama akafuata na mtoto. Nyuma yetu alikuja Shangazi Ester, dada mkubwa wa baba, mjane, mwenye mdomo mkali na mikono ya haraka, ambaye alikuwa amesema hataki kubaki mlimani kumsikiliza Bibi akikoroma. Tulisalimia kila tuliyepishana naye, shikamoo, marahaba, shikamoo, marahaba, na kila mmoja alitutazama kwa huruma tulipomwambia tunakwenda nyika.

Njia ile ya jabalini ni mbaya hata leo. Penye mawe makubwa Shangazi aliweka mzigo wake chini, akatangulia kinyumenyume, akaushika mguu wa Loisi kwa mkono wake na kuuweka juu ya jiwe, halafu mguu wa pili. "Hapa. Sasa hapa. Usitazame kule, nitazame mimi." Hivyohivyo hadi mawe yakaisha. Katikati ya mteremko tukatoka kwenye ukungu, na joto likatupokea usoni. Loisi aligeuka akatazama juu. Mlima wote ulikuwa umefunikwa, na Bibi yuko ndani humo.

Jioni ile, mwanangu, tuliona mbingu nzima kwa mara ya kwanza. Kwetu juu ulikuwa unapata kipande leo, kipande mwezi ujao. Nyika wakati wa kiangazi hakuna kinachoziba, nyota zimeanzia pembeni hadi pembeni, nyingi hadi zinatisha. Watu wazima walikuwa wanafungua mizigo. Loisi alisimama uwanjani na kibuyu chake, akazunguka mahali pamoja polepole, kichwa nyuma.

"Damari, Kata iko wapi?"

Miguu ilikuwa inaniwaka moto. Nikamwambia, "Kesho."

Kesho yake aliuliza tena, nikamwambia bado haijachomoza. Kesho yake tena. Mwishowe akaacha kuuliza, na alipoacha kuuliza akaacha kutoka nje jua likizama. Kisha akaacha kutoka hata mchana. Alijisukuma chini ya kitanda cha kamba, akawa anakaa huko na kata yake ya Bibi mkononi. Tukafikiri ni ugeni.

Halafu homa ikamkuta. Ndiyo homa ya nyika ile, mbaya, anatetemeka jua likiwa utosini. Baba alimbeba hadi zahanati ya kijiji cha jirani, wakampa vidonge, vile vichungu ambavyo hata mtu mzima anakunja uso. Loisi akavitema. Mama akavisaga na kuvitia kwenye uji, akautema uji. Tukimshika pua anapiga kelele hadi anakosa pumzi, na tukimwachia anarudi chini ya kitanda. Ugali hataki, maji kidogo. Wiki ileile kijiji kilikuwa kimemzika mtoto wa familia iliyotoka Bumbuli kwa homa hiyohiyo. Hakuna mtu aliyesema kwa sauti, lakini tulijua sote Loisi anaelekea wapi.

Mama alikaa kizingitini, mtoto titini, machozi yanamtoka bila sauti. Alimwuliza Loisi mara nyingi kwa nini hataki dawa. Siku moja alasiri Loisi akamjibu kutoka chini ya kitanda, sauti imekauka.

"Tumetoka chini ya Kata. Mbingu itatuangukia tu. Dawa ya nini?"

Baba aliposikia hivyo akanigeukia. Hakunikaripia, na ningependa angenikaripia. Baba yangu alikuwa ameogopa, na sikuwa nimewahi kumwona hivyo.

"Hizo hadithi ni zako," akasema. "Ingia kamwambie ni uongo. Hakuna Lumaa, hakuna Kata, ulikuwa unacheza tu. Atoke ameze dawa. Asipomeza leo, alfajiri nitambeba kumpandisha kwa Bibi."

Kumpandisha jabali lile na homa ile. Shangazi alikuwa nje anachambua mchicha, na alisikia kila neno. Nilipofika mlangoni akanizuia kwa mguu wake, aliunyoosha tu mbele yangu. Aliyoyasema aliyasema kwa Kishambaa, na kwa Kishambaa yalikuwa makali zaidi, lakini nitakupa kwa Kiswahili usije ukasema mama yako anakutukania ukoo.

"Unakwenda kumwambia nini?"

"Kwamba ni uongo, Shangazi."

"Enhe. Na baada ya hapo?"

Nikautazama ule mguu ulionizuia.

"Siku tunashuka," akasema, "penye mawe, mimi nilimsukuma huyu mtoto atangulie mwenyewe kwa sababu nina haraka?"

"Hapana, Shangazi."

"Nilifanya nini?"

"Ulimshika mguu."

"Basi. Wewe ndiye uliyempandisha huko Lumaa, usiku baada ya usiku. Leo unataka kumtupa kutoka juu kwa neno moja, na homa juu yake. Akianguka nani atamwokota? Mshushe kwa njia ileile uliyompandishia. Mguu mmoja, halafu mguu wa pili."

Nikaanza kulia. Nikamwambia sijui njia, nimeshika mkia wa uongo wangu mwenyewe na sijui pa kuupeleka.

"Uongo ni kumwambia mtu kitu ili umnyang'anye," akasema. "Wewe umemnyang'anya nini? Nyamaza. Na wale mbuzi wenye masweta, ukishasema hakuna Lumaa, unamwachia nani?"

Nilimtazama hadi machozi yakakauka. Kule Mlalo Shangazi alilala upande wa pili wa ukuta wetu wa miti na udongo. Sikuwahi kufikiri kwamba anasikia.

"Unashangaa nini?" akasema, sasa kwa sauti ya chini, anachambua mchicha haraka haraka. "Nilikuwa nimetoka kumzika mume wangu. Unadhani usiku nilikuwa nasikiliza nini?" Akanisukumia ungo. "Shika mboga, ufikiri. Una madarasa sita kichwani, mimi sina hata moja. Yatumie."

Nilikaa nikachambua mchicha. Naapa sikujua hata nachambua nini, nilitupa majani nikaacha vikonyo. Pembeni ya mlango ilikuwepo kata ya Loisi, aliidondosha siku baba anamtoa kwenda zahanati, na mama akaiokota akaiweka hapo. Juu yake palikuwa na sisimizi mmoja. Alikuwa anapanda, anashuka, anapotea ndani ya jani, anatokea tena. Alifika kwenye fundo akasimama. Nikamtazama yule sisimizi, nikakumbuka mwalimu wetu, na mikono yangu yenyewe ikaacha mboga.

Niliingia nikajilaza chini ya kitanda pamoja na Loisi. Alikuwa wa moto kama sufuria. Nikamwonyesha kata.

"Kuna mgeni," nikamwambia.

Jicho lake moja likafunguka.

"Mwulize kama anaiona kata."

"Sisimizi hasemi."

"Wewe unadhani anaiona?"

Akasogeza jicho karibu na kata, anapumua kwa shida. "Haioni," akasema. "Anaona jani."

"Kwa nini haioni?"

"Amekaa juu yake."

Nikamwachia hapo. Sikusema zaidi, mwanangu, na ninamshukuru Mungu hadi leo kwamba sikusema zaidi, maana ulimi ulikuwa unaniwasha. Kule nje jua lilikuwa linazama, mwanga umeingia wa manjano hadi kwenye miguu ya kitanda. Sisimizi akazunguka. Loisi akamfuata kwa kidole.

"Jua letu ni la rangi gani?" akauliza.

"La manjano."

"Kubwa?"

"Mwalimu anasema la kawaida tu. Halina sifa."

Kisha akanishika sikio, kama anavyofanya hadi leo akitaka umsikilize vizuri.

"Damari. Sisi ndio Fundo."

Nilitaka kumkumbatia nikashindwa, pale chini hapakuwa na nafasi ya kuinua mkono. Nikamwambia ndiyo, jua letu ndilo ile nyota ya Fundo. Nikamwambia wataalamu wa Lumaa walishasema, ukitazama kutoka mahali pengine umbo la Kata huwezi kuliona, sembuse ukiwa umekaa juu yake. Tungetafuta Kata angani miaka yote na tusiione, kwa sababu tuko ndani yake. Wanaoiona ni wao. Usiku wao ukiingia, wanatoka nje na masweta yao, wanatazama juu, wanatukuta tunawaka mahali petu, wanajua mbingu imekaa vizuri, wanaenda kulala.

"Na Bibi?"

"Bibi ana jua gani? Si hilihili?"

"Hilihili."

"Basi naye yuko kwenye Fundo. Ukungu tu umemfunika."

Hapo ndipo alipolia, mwanangu. Hakuwa amelia tangu tuondoke Mlalo. Alilia kwa ajili ya Bibi, akanililia shingoni, na mimi nikalia, na nje nikamsikia Shangazi anapenga kamasi kwenye kanga. Baba alisimama mlangoni na kikombe cha dawa iliyosagwa, hajui aingie au atoke.

Loisi alipochoka kulia akauliza, "Fundo likizimika?"

"Kata inafumuka."

"Na chungu?"

"Unajua mwenyewe."

Akasema basi halitazimika, akatoka chini ya kitanda kwa magoti. Akamwendea baba, akakichukua kikombe kwa mikono miwili, akameza dawa yote. Uso ulivyomkunja, hata sasa nikikumbuka nacheka.

"Mbuzi wote wa Lumaa wamekunja uso," akasema Shangazi kutoka nje.

Sitakudanganya kwamba alipona jioni ile. Homa ilimrudia, na kulikuwa na siku tulikesha naye. Lakini kila baba alipomletea kidonge alikimeza, na uji akanywa, na siku moja akaomba apelekwe uwanjani jioni. Nilimbeba. Alizitazama nyota zote zile za nyika, akazipungia mkono, kwa sababu mojawapo, alisema, lazima ni jua la Lumaa. Baba alikuwa amekaa karibu anatengeneza mpini wa jembe. Akakohoa kidogo.

"Hivi huko Lumaa," akauliza, kama mtu asiyejali, "wanalima kila mtu kivyake, au kwa pamoja?"

"Kwa pamoja," Loisi akasema.

"Ehe. Na wana mwenyekiti?"

"Ni mbuzi."

Baba alicheka hadi akaangusha mpini. Mama akacheka kwa sababu baba amecheka. Siku hiyo nilijua tutakaa nyika, na kweli tulikaa miaka mingi, na tulirudi huku juu tukiwa tayari watu wazima, Bibi na Shangazi wamelala kwenye makaburi yao ya ukungu.

Unajua mengine. Loisi akawa mkunga, amepokea nusu ya watoto wa wilaya hii na wewe ukiwemo. Lakini hili hulijui. Siku ile uliponipeleka kutolewa mtoto wa jicho, ukaenda dukani kuninunulia kanga, mimi niligoma kuingia chumba cha upasuaji. Ndiyo, mimi mama yako. Niliogopa kisu karibu na jicho, nikashika mlango, nikamwambia nesi nitabaki na giza langu, nimelizoea. Nesi akanihubiria, daktari akanihubiria. Loisi akaja na mvi zake, hakuhubiri. Akanishika sikio.

"Dada," akaninong'oneza, "watu wa Lumaa wametoka nje. Wanatutazama."

Nikaachia mlango, nikaingia.

Sasa nikwambie ninachotaka kukwambia, kisha umwite mtoto, nasikia jirani analalamika kuhusu plamsi zake. Nasaha yangu ni hii. Mtoto akikwambia kuna paka mwezini, amekufungulia mlango. Ingia kwanza. Uliza huyo paka anakula nini, anaogopa nini, na nani anamkuna mgongo, maana mtoto ataweka humo yale ambayo hajui kuyasema kwa njia nyingine. Loisi hakuwa analilia nyota, mwanangu. Alikuwa anamlilia bibi yake, na sisi wote wenye akili zetu hatukuliona hilo hadi tulipokubali kulala naye chini ya kitanda. Na ukimpa mtoto hadithi, itunze. Usiitupe siku inapokuwa nzito kwa sababu umechoka au umeogopa. Mshike mguu, mshushe taratibu, jiwe kwa jiwe, na ukweli uliofundishwa shuleni uutumie kama Shangazi alivyoutumia mkono wake. Ukweli wa yule mwalimu kijana ndio uliotupa njia. Mimi peke yangu na mbuzi wangu tusingefika.

Na wakati mwingine nyamaza, mtoto amalizie mwenyewe. Mimi nilikuwa na sayansi yote ile kichwani, ila aliyesema sisi ndio Fundo ni yeye.

Usiku huu mpe uji wake, umwulize paka ana jina gani. Mimi nitakuwa hapa kwenye kiti changu, sitasema kitu, nitasikiliza tu kupitia ukutani kama shangazi yangu.

Mungu akubariki, mwanangu, wewe na huyo mdogo na wale watakaokuja baada yake. Akulainishie ulimi ukiwa umechoka, akupe goti la kuingia chini ya kitanda hata ukizeeka. Na itakapofika siku umetazama juu, ukatafuta kila upande ukakosa kinachokushikilia, akukumbushe yule sisimizi: huenda huioni kwa sababu umekaa juu yake. Haya, kamwite mtoto, plamsi zile zitamuua.